Ukucha wa Mashoto

Bwana Prentiss, msimamizi wa kiwanda cha mipira, hakukaribishwa kiti, wala hakukiomba. Alisimama katikati ya jiko la akina Scanlon, akafungua mfuko wake wa turubai, akapanga mipira saba ya besiboli juu ya meza, mmoja mmoja, kama mtu anayepanga mayai yaliyooza.

"Itazame, Binti Scanlon," alisema. "Itazame vizuri, kisha uniambie ni nani aliyeishona."

Delia hakuhitaji kuitazama vizuri. Katika mji wa Wendham wanawake walishona mipira majumbani, na kila Jumatatu gari la farasi la kiwanda lilipita mlango kwa mlango likishusha masanduku ya ngozi na kuchukua mipira iliyokwisha. Mshonaji aliijua kazi yake kama mama ajuavyo kilio cha mwanawe. Mishono hii, myekundu na myeusi kwa kupokezana, iliyokazwa sawasawa na kulala upande mmoja kama manyoya ya ndege, ilikuwa yake.

"Ni mimi," alisema.

"Yote saba?"

"Yote saba."

"Basi hatuna ubishi. Yote imefumuka mahali pamoja, penye fundo la mwisho. Mwamuzi ameitupa nje katika mechi tatu. Ligi imemwandikia tajiri barua. Tajiri kaniuliza mimi, nami nakuuliza wewe."

"Fundo langu halifumuki, Bwana Prentiss. Nimeshona miaka sita. Nionyeshe mpira mmoja uliorudi katika miaka hiyo sita."

"Ninao saba hapa." Alivaa kofia yake. "Jumatatu gari halitasimama mlangoni penu. Nasikitika. Mama yako alikuwa mshonaji hodari."

"Alikuwa?" Sauti ilitoka kando ya jiko la makaa. Mama Scanlon alikuwa amekaa kimya muda wote, mikono imelala mapajani. Ukungu ulikuwa umeyafunika macho yake tangu majira ya baridi ya mwaka juzi, na tangu hapo sindano zote za nyumba hiyo zilikuwa za Delia. "Mimi bado nipo, Prentiss. Kilichokwenda ni macho. Masikio nimebaki nayo. Wewe ulianza kazi kiwandani ukifagia vipande vya ngozi miguuni pangu. Leo unasimama jikoni mwangu kumwita mwanangu mzembe?"

"Simwiti mimi, Mama Scanlon. Mipira ndiyo inayomwita."

"Niachie mmoja," Delia alisema.

Prentiss aliirudisha mipira sita mfukoni, akauacha wa saba mezani. "Chukua. Hauna faida kwa mtu yeyote."

Mlango ulipofungwa, Delia hakulia. Alijua maana ya alichokisikia. Mshonaji aliyefukuzwa kwa uvivu aliweza kupata kazi kwingine, hata aliyefukuzwa kwa matusi. Aliyefukuzwa kwa sababu ya fundo hakuajiriwa na kiwanda chochote, kwa kuwa fundo ndilo lililoubeba mpira mzima. Alivuta kiti dirishani, akakibana kibano cha mbao katikati ya magoti, akautia mpira ndani yake kama alivyofanya maelfu ya mara, akainama.

Uzi haukuwa umelegea. Uzi ulikuwa umeinuliwa.

Alihesabu mishono minne iliyosimama wima, kama watu walioamshwa ghafla usingizini. Pembeni mwake, ngozi ilikuwa na mikwaruzo myembamba, yote ikielekea kulia. Delia aliushika mpira kwa mkono wa kulia, akasukuma kwa ukucha wa kidole gumba. Mkwaruzo ulielekea kushoto. Akauhamishia mkono wa kushoto, akasukuma tena. Mkwaruzo ukaenda sambamba na ile mingine.

Akabaki ameushikilia hivyo hivyo.

"Umeona nini?" mama yake aliuliza. "Umeacha kupumua."

"Umefumuliwa kwa makusudi. Kwa ukucha. Na mtu wa mkono wa kushoto."

"Wanaorusha kwa kushoto ni wangapi katika ligi hii?"

"Mmoja, Mama."

"Na wanaojua mahali unapolificha fundo?"

Kila mshonaji alikuwa na namna yake ya kuuzamisha mwisho wa uzi chini ya mishono mingine, na namna hiyo hakuonyeshwa jirani. Yake alifundishwa na mama yake. Waliijua watu wawili. Kisha, Aprili iliyopita, mtu wa tatu alikaa kwenye meza hiyo, akaushika mpira aliotoka kuumaliza, akamtazama kwa yale macho yake ya kahawia kana kwamba hakukuwa na kitu kingine duniani cha kutazamwa. *Unamalizia wapi, Delia?* alimwuliza. *Natafuta, sipati. Vidole vyako vina uchawi.* Naye, kwa furaha ya kusifiwa kazi ambayo hakuna mwanamume aliyewahi kuisifu, alikichukua kidole gumba cha mkono wa kushoto wa mtu huyo na kukiweka juu ya fundo. *Hapa,* alisema. *Hapa pakiinuka, mshono wote unainuka.*

Alikiweka yeye mwenyewe, kwa mkono wake.

"Nilikwambia," Mama Scanlon alianza.

"Mama, hakufanya hivi kwa sababu ni Mfaransa wa kule mtoni."

"Nani kataja Wafaransa? Leo nilitaka kutaja vidole vyake." Mama aligeuza uso kuelekea alipokuwa mwanawe. "Kesho padri anasoma tangazo lenu la kwanza la ndoa. Mbele ya mji mzima."

"Najua."

"Unakwenda wapi?"

Delia alikuwa amekwisha kuvaa kofia. Aliutia mpira katika mfuko wa aproni, pamoja na mkasi mdogo wa nyuzi. "Kwanza kwa padri," alisema. "Kisha uwanjani."

*

Jumamosi hiyo ya Septemba mji mzima ulikuwa umehamia uwanjani. Baraza za mbao za watazamaji zilikuwa zimejaa kabla ya saa nane. Wanaume walikula karanga na kutema maganda miguuni; wanawake walijipepea kwa karatasi za programu. Jina lililorushwa kutoka baraza hadi baraza lilikuwa moja.

"Mashoto! Mashoto yuko wapi?"

"Anakunywa chai na mtu wa Boston!"

"Boston wamlete mtu wa kumpiga kwanza!"

Mashoto wao alikuwa nyuma ya baraza, kwenye nyasi zilizokanyagwa, akimrushia mdakaji wake mipira ya kupasha mkono moto. Ovila Gagnon alikuwa na miaka ishirini na minne. Miaka mitatu iliyopita alikuwa akigongelea visigino katika kiwanda cha viatu. Leo watoto wa kila mtaa wa Wendham walijifunza kurusha kwa mkono wa kushoto na kupigwa shuleni kwa ajili hiyo. Alipomwona Delia, aliachia tabasamu ambalo siku nyingine yoyote lingemlegeza Delia.

"Delia! Yule kule, umemwona? Mwenye kofia ya majani na daftari. Ametumwa na timu ya Boston, kaja na treni ya asubuhi, kwa ajili yangu tu." Alimwashiria mdakaji awaache. "Nilijua utakuja kunipa baraka."

"Nyoosha mkono."

"Eh?"

"Wa kushoto. Nyoosha."

Aliunyoosha huku akicheka. "Unataka kupima pete tena?"

Delia alikipindua kiganja. Ukucha wa kidole gumba ulikuwa mrefu, mgumu, umechongwa ncha kama patasi. Mwezi Agosti alikuwa ameuliza habari zake, akaambiwa kwamba kidole kiligongwa na mlango na ukucha unaachwa upone. Aliamini. Alikuwa amekipuliza, hata akakibusu. Sasa alitoa mpira mfukoni na kuuweka katika kiganja hicho, akaukunja mkono wa mchumba wake juu yake. Kidole gumba kikatua penye mikwaruzo kama mguu katika kiatu chake.

Kicheko kiliishia hapo.

"Delia, nisikilize."

"Nimekusikiliza tangu Aprili. Leo Bwana Prentiss amekuja kwetu na mipira saba. Amesema fundo langu halishiki. Jumatatu gari halisimami mlangoni petu. Mama yangu amekaa jikoni anasikiliza akifukuzwa kazi ambayo ameifanya tangu wewe hujazaliwa. Haya, sema. Nakusikiliza."

Ovila alitazama huku na huku. "Punguza sauti."

"Sipunguzi!"

"Sikujua wangekuja kwako. Naapa. Nilidhani mwamuzi anaitupa, basi, imekwisha. Kila mrushaji ana ujanja wake. Wengine wanatema mate, wengine wanapaka nta..."

"Watu hao wanaharibu mpira wa kiwanda. Wewe umeharibu mpira *wangu*. Wendham ina washonaji zaidi ya mia, Ovila. Kwa nini yangu?"

Ovila alianza kuuzungusha mpira kiganjani.

"Ulikuwa ukiingiza mkono katika kapu la mipira na kuuchagua wa kwangu kwa kupapasa. Uliniambia mwenyewe. Ukasema, 'Mpira wako ukiwa mkononi, nahisi umenishika mkono.' Nililala na maneno hayo kama mjinga. Kumbe ulikuwa unapapasa fundo."

"Nilikuwa nakupenda pia!"

"*Pia!*" Delia alirudi nyuma hatua moja, kana kwamba amepigwa. "Asante. Niliwekwa kwenye hesabu."

"Si hivyo nilivyomaanisha. Mungu wangu, si hivyo." Aliuangusha mpira, akaushika mkono wake wa kushoto kwa wa kulia, karibu na bega. Sauti ilimshuka. "Mkono umekufa, Delia. Tangu Julai, ile mechi ya mvua. Kitu kilikatika humu ndani. Asubuhi siwezi kuinua kikombe. Nakunywa kahawa kwa mkono wa kulia kama mgeni nyumbani kwangu. Mpira wangu ulikoma kupinda. Ukaenda moja kwa moja kama barua. Lakini mshono ukiinuka kidogo tu, unapinda wenyewe. Bila hivyo ningerudi kwenye visigino zamani."

Delia alimtazama. Alimwonea huruma, na hilo likamwongezea hasira.

"Mbona hukuniambia?"

"Ningekwambia nini? Kwamba umeposwa na mrushaji asiye na mkono?"

"Ndiyo! Kwa maneno hayo hayo! Ungekaa palepale mezani, useme, 'Delia, mkono wangu umekufa.' Ningeukanda. Ningeuombea. Ningeolewa na mgonga visigino na nisingeona haya. Wewe ukaona afadhali kuliua jina langu kuliko kuutaja mkono wako."

"Ni leo tu! Mtu wa Boston akinichukua leo, hutashika sindano tena maisha yako yote. Wewe na mama yako. Nitawaweka katika nyumba yenye—"

"Nani kakwambia nataka kuiacha sindano?"

Ilikuwa dhahiri kwamba swali hilo halikuwahi kumpitia Ovila kichwani.

"Prentiss amekaa safu ya tatu," Delia aliendelea. "Nenda kamwambie. Sasa."

"Baada ya mechi."

"Sasa, Ovila."

"Nikimwambia sasa sitaingia uwanjani! Nipe saa mbili. Saa mbili tu, kisha nitamwambia kila kitu."

Kengele ya kuanza ikalia. Barazani watu walianza kukanyaga mbao kwa miguu yao, wakiimba, "Ma-sho-to! Ma-sho-to!" Delia alitia mkono katika aproni na kuutoa ule mkasi.

"Basi kaingie uwanjani," alisema. "Lakini ingia na mkono wako, si wangu. Lete kidole."

Delia alijua Ovila angeweza kukataa. Mkono ule ulikuwa mkate wake, na yeye alikuwa mrefu kuliko Delia kwa kichwa kizima. Walitazamana. Kisha polepole Ovila aliutoa mkono wa kushoto na kuuweka katika wa Delia, kama alivyomwachia siku ile ya Aprili.

Delia alikata. Ukucha ulikuwa mgumu hata ikabidi aubane mkasi mara mbili. Kipande kilipotoka alikifunga katika leso yake, akakaza fundo.

"Wanakuita," alisema.

*

Zamu tano za kwanza za mechi Ovila alizipita kwa werevu. Hakuwa na nguvu, hakuwa na mpira wa kupinda, lakini aliwajua wapigaji. Alirusha taratibu pale walipotarajia kasi. Akarusha chini pale walipopenda juu. Wawili walipiga hewa, mji ukapaza sauti. Delia alikaa mwisho wa safu, mikono imefumbatana, uso umekaza. Mwanamke mmoja alimgusa kiunoni kwa kiwiko na kumwambia, "Una bahati, dada." Hakumjibu.

Katika zamu ya sita wapigaji walishtuka kwamba hakuna cha kuogopa. Wa kwanza aliupeleka mpira mpaka kwenye uzio. Wa pili akaupeleka hapo hapo. Vituo vyote vitatu vya kukimbilia vilipojaa wapinzani, Ovila alisimama juu ya kichuguu chake cha kurushia, akauzungusha mpira kiganjani. Kidole gumba kilitambaa juu ya mshono, kikasimama. Delia alijua kilikuwa kimefika wapi. Kilikuwa kinatafuta fundo kwa ukucha ambao haukuwepo.

Alirusha. Sauti ya gongo ilikuwa safi, kama ubao unaopasuka. Mpira ulipita juu ya uzio, juu ya miti, ukaangukia upande wa reli.

"Mashoto! Mkono wako uko likizo?"

"Mletee kiti!"

"Arudi kwenye viatu!"

Ndio wale wale waliokuwa wakimwimba. Delia aliwageukia akatamani kuwapiga wote, akajichukia kwa kutamani hivyo. Mtu wa Boston alifunga daftari lake, akatazama saa yake ya mnyororo, akaondoka kabla zamu haijaisha ili aiwahi treni.

Mechi ilipomalizika Ovila alikuja moja kwa moja kwake, jasho likimtiririka, mkono wa kushoto ukining'inia kama kamba.

"Umeridhika?"

"Bado."

"Bado!" Alicheka kwa uchungu. "Nimepoteza Boston. Nimezomewa na watu niliowabebea kombe. Unataka nini tena, Delia? Damu?"

"Kupoteza si kukiri. Umeshindwa mechi, watu hushindwa mechi kila Jumamosi. Jumatatu gari bado halisimami mlangoni petu."

"Haitanisaidia kitu sasa."

"Haitakusaidia *wewe*. Ni kweli."

Maneno hayo yalimwingia. Delia aliyaona yakimwingia, kidogo kidogo, kama sindano katika ngozi nene. Ovila aligeuka, akatazama safu ya tatu, ambako Bwana Prentiss alikuwa akitafuta kofia yake. Akavua yake. Akaenda.

Delia hakusikia waliyozungumza. Aliona tu Prentiss akikunja uso, kisha watu wa karibu wakigeuka. Aliona Ovila akiinua mkono wa kushoto mbele ya wote na kuonyesha kidole gumba. Halafu akionyesha kwa kidole, kwa mbali, mahali alipokaa mshonaji. Mtu mmoja alitema maganda karibu na viatu vya Ovila. Naye hakuondoka mpaka Prentiss alipotikisa kichwa kukubali.

Prentiss alimjia Delia akiwa mwekundu mpaka masikioni. "Binti Scanlon, inaonekana kwamba Jumatatu—"

"Usiniambie mimi. Ulimdharau mama yangu jikoni mwake. Kamwambie jikoni mwake."

"Leo?"

"Yupo. Masikio yake yanafanya kazi."

Alipokwenda, wakabaki wawili, na uwanja mtupu, na maganda ya karanga. Delia alimpa Ovila leso iliyofungwa. Ovila alijua kilichomo bila kuifungua.

"Padri kesho atasoma majina yetu?" aliuliza.

"Hatasoma. Nilipita kwake kabla ya kuja."

"Kwa hiyo ulikuwa umekwisha kata shauri. Hata kabla hujanisikia."

"Sikujua utafanya nini. Nilijua tu kwamba nina hasira, na jina langu halisomwi kanisani nikiwa na hasira."

Ovila alitikisa kichwa polepole. Jua la alasiri lilikuwa limemwangukia usoni, naye hakujikinga. "Na ikiisha?"

Delia alitaka kumkaripia, na akataka kuushika ule mkono uliokufa na kuukanda mpaka uamke. Hakufanya lolote kati ya hayo mawili.

"Ikiisha utasikia padri akisoma," alisema, "kama watu wengine."

Akaondoka bila kugeuka nyuma.

*

Jumatatu gari la kiwanda lilisimama mlangoni, na mwendeshaji akaliingiza sanduku mwenyewe hadi jikoni, jambo ambalo halikuwahi kutokea. Delia alikaa dirishani, akabana kibano katikati ya magoti. Alishona kwa nguvu kuliko kawaida. Uzi ulilia ukipita katika ngozi. Alipoumaliza mpira wa kwanza, alimpa mama yake.

Mama Scanlon aliuzungusha. Vidole vyake, ambavyo kwa miaka thelathini havikuwahi kukosea, vilitembea juu ya mishono yote, vikarudi, vikatembea tena.

"Silioni," alisema. "Umelificha wapi?"

Delia alikuwa tayari ametunga sindano kwa ajili ya mpira wa pili.

"Mahali," alisema.